Lundo la Chai la Drieka

Jamani, asubuhi ile bonde zima la Langkloof lilinukia asali. Vichaka vya chai ya mlimani, vile vya maua ya njano, vilikuwa vimeshafyekwa, na kila kaya imelundika yake uani. Lundo hilo hujipasha moto lenyewe. Ukiligeuza asubuhi na jioni, chai inakuwa nyekundu na tamu. Ukilitelekeza, linaoza ndani.

Drieka aliamka na mgongo wake mbovu. Mafurushi yote aliyashusha mlimani yeye, kwa sababu mumewe, Neels, alikuwa mtu wa mvinyo. Lundo lile ndilo lingenunua unga wa kaya na kumlipia binti yao, Lenie, bweni la shule. Lakini siku hiyo ilibidi ampeleke mama mkwe hospitali ya mjini, wakalale huko.

"Neels, geuza, funika. Basi."

"Unanifundisha mimi? Nimezaliwa kwenye chai hii!"

"Na umekulia kwenye mvinyo," mama yake alimjibu kutoka kwenye teksi.

Neels aligeuza mara moja tu, nisimnyime haki yake. Kisha wenzake wakaja na mvinyo. Mnawajua watu wa aina hii: kazi hawaikatai, wanaiahirisha tu.

Drieka aliporudi, lundo lilinukia vizuri kwa juu. Akazamisha mkono ndani. Ulipaswa kuungua. Ulitoka na ukungu mweupe, unanuka kama soksi zilizolowa mvua.

"Usipige kelele," Neels alisema, ameegemea ukuta. "Gari la kupeleka chai sokoni ni moja kwa wote. Tuichanganye yetu na ya jirani Maans. Nani atajua?"

"Atakayeinywa."

"Basi utalala njaa."

"Nimeshaizoea, Neels. Lenie je?"

Drieka alikaa juu ya gunia tupu. Hata kulia kulimshinda, kachoka mno. Kuchanganya kungekuwa rahisi, lakini kungeharibu chai ya majirani wote.

Maans, jirani mwenye gari, alifika kupakia.

"Dada, yako iko wapi?"

"Imeoza. Pita tu."

"Yote?"

"Yote. Usichukue hata gunia moja."

Gari likaondoka. Shule zilipofunguliwa, Lenie hakurudi bwenini. Alikwenda kuchuma matufaha na mama yake kwenye shamba la watu. Neels bado anasema mwakani atajirekebisha.

Funzo

Mlevi hanywi mvinyo peke yake. Anakunywa pia mgongo wa mkewe na madaftari ya mwanawe. Mwanamke, usimwachie kazi ya nyumba mtu wa namna hiyo hata ukibanwa na safari. Na sisi majirani tusijitoe lawamani. Tulipita pale uani, tukamwona Neels amelala kando ya lundo, tukacheka. Uma wa kugeuzia ulikuwa umeegemezwa ukutani. Hakuna hata mmoja wetu aliyeushika.