Faili Lenye Jina la Ilinca

Jumapili hiyo soko la mitumba la mji wa Timișoara lilifurika watu. Ilinca, koti jekundu limemkaa vyema, alikuwa ameinamia meza ya nyaya za kompyuta alipogongana kichwa na kijana mmoja mrefu.

"Pole, dada! Unatafuta nini?"

"Waya. Nataka kuingia kwenye ule mtandao wa kugawana muziki, ila sijui mkubwa wake ni nani."

Kijana, Tiberiu, akacheka. "Hauna mkubwa. Unaandika jina la faili, kompyuta yako inaliulizia kwa zile inazozijua, nazo zinaulizia kwa nyingine, mpaka apatikane mwenye faili. Hapo nyinyi wawili mnaunganishwa moja kwa moja."

"Kama umbea wa mtaani kwetu!"

"Basi wewe utauweza."

"Una mdomo wewe!" Lakini namba ya simu alimpa.

Wakapendana. Tiberiu alipopata kazi ya ujenzi ng'ambo, mjini Torino, walikubaliana waende pamoja. Asubuhi ya safari baba yake Ilinca akaanguka jikoni, na Ilinca akashinda hospitali. Tiberiu alingoja kituoni mpaka basi likaondoka naye, akadhani amekataliwa. Mama yake Tiberiu, kwa hasira, akagoma kumpa Ilinca namba mpya ya mwanawe.

Baba alirudi nyumbani upande mmoja wa mwili umelegea. Ilinca akabaki na tumaini moja: Tiberiu aliwahi kujirekodi akipiga kodiani, faili akaliita kwa jina la Ilinca, na hakumpa mtu yeyote; mwenye nalo angekuwa yeye tu. Basi kila akitoka kazini Ilinca aliandika jina lake mwenyewe kwenye ule mtandao. Swali likapita kompyuta hadi kompyuta, likarudi mikono mitupu. Theluji ikaanguka, ikayeyuka.

Alasiri moja likaja jibu. Mtu mmoja tu alikuwa na faili hilo. Akaandika: "Tibi? Siku ile baba alianguka. Nilikuwa hospitali."

Mara simu ikalia.

"Ilinca... nimekulaani miezi yote hii."

"Na faili hukulitupa?"

"Nilishindwa. Nilikuwa nalo kwenye sidii. Jana nimenunua kompyuta, nikaliweka. Nikasema labda utaulizia."

"Naulizia tangu uondoke, mjinga wewe!"

Akamsikia akivuta pumzi. "Pasaka nakuja kukuchukua, roho yangu."

Chumba cha pili, mzee alikohoa.

"Njoo. Ila sitaondoka, Tibi. Baba siwezi kumwacha."

Kule Torino likasikika begi likivutwa kutoka uvunguni.

"Basi nitakuja na mizigo yangu yote."