Wino Uliofutwa kwenye Vioo vya Nyota

Nyumba ile ilikuwa na vyumba viwili na wanawake wawili wa kituo kimoja cha kazi. Mkubwa alikuwa mama mkwe, mstaafu wa kituo cha darubini kilicho kilimani juu ya mji. Mdogo alikuwa mkamwana wake, mfanya usafi wa kituo hicho hicho. Kila asubuhi mkamwana alichemsha chai, akampelekea mkwewe kikombe kwa mikono miwili, kisha akashika njia. Waliheshimiana sana. Waliheshimiana hata hawakuulizana kitu.

Mkamwana alijua tu kwamba mama alifanya kazi kule miaka thelathini na mmoja, na kwamba wenzake walimwita Jicho. Mumewe, tangu utoto wake, aliwaambia watu kuwa mama yake alikuwa akifuta vioo. Mama alisikia, hakumsahihisha. Hakuwa mtu wa kujieleza kwa asiyeuliza.

Mwaka huo kituo kilikuwa kinatayarisha kitabu cha vitu vya mbali vilivyogunduliwa pale, na majina ya waliovigundua. Mama mkwe aliandika barua kwa mkuu wa kituo. Mkamwana ndiye aliyeibeba. Hakuuliza ina nini. Mkwe haulizwi barua zake.

Wiki mbili baadaye msimamizi wa stoo akampa mkamwana kazi mpya. Zamani picha za mbingu zilipigwa juu ya vioo, na sasa vioo hivyo vilitakiwa kuingizwa kwenye kompyuta. Kwanza vioshwe. Upande wenye picha usiguswe kabisa. Upande wa pili utakate. Mkamwana akauliza kama na alama za wino zilizokuwa upande huo zitoke. Msimamizi, mguu mmoja uko nje tayari, akajibu kwamba uchafu ni uchafu.

Mkamwana hakuwa mtu wa kulipua kazi. Kwa siku nne aliosha rafu nzima. Wino mkaidi aliukwangua kwa wembe, taratibu, kioo kisipate mkwaruzo. Jioni ya siku ya nne, wakila, akajisifu kidogo. Alisema vioo vinang'aa mpaka unaweza kujitazama na kuchana nywele.

Mumewe akacheka. "Mama, umepata mrithi wa kufuta vioo."

Mama mkwe aliweka kijiko chini. "Umefuta upande gani?"

"Upande wenye wino, mama."

"Rafu ya ngapi?"

"Ya pili."

Bibi yule akanawa mikono kabla ya kushiba. Aliingia chumbani kwake, na mlango ukafungwa polepole kuliko siku zote.

Asubuhi kikombe cha chai kilirudi kimejaa. Mama mkwe alikuwa amevaa viatu vya kutokea. Wakapanda kilima pamoja mpaka ndani ya stoo. Pale bibi akachukua kioo cha rafu ya tatu, ambacho hakijaoshwa, akakiweka juu ya meza yenye taa chini yake. Akampa mkamwana kioo kidogo cha kukuzia.

"Sema unachokiona."

Mkamwana aliinama. "Vidoa vyeusi, mama. Vingi kama mchanga."

"Kwenye picha hizi, kilicho cheupe angani huonekana cheusi. Doa lenye ukingo mkali ni nyota. Sasa tazama hili nililolizungushia wino."

Mkamwana alitazama. Doa lile halikuwa na ukingo. Lilikuwa kama alama ya kidole chenye mafuta. Akasema kama angelikuta kazini, angelifuta.

"Watu wa kale nao waliyaona angani madoa kama hayo, wakayaita mawingu," bibi alisema. "Darubini zilipokua, baadhi yalionekana kuwa makundi ya nyota, zimekaa pamoja kama nyuki. Mengine ni mawingu kweli, ya gesi na vumbi. Mengine, kama hili, ni galaksi. Jua letu na nyota zote unazoziona kwa macho yako zimo katika galaksi moja. Hili ni galaksi nyingine, nje kabisa ya yetu. Ina nyota mabilioni, na mwanga wake ulitoka huko kabla hajazaliwa binadamu wa kwanza."

Akaeleza kazi yake. Wakubwa, yaani wanasayansi wa kituo, walipiga picha. Yeye na wenzake walikagua vioo kutwa, doa kwa doa. Wakiona galaksi, waliizungushia wino, wakaandika tarehe na herufi za majina yao. Katika rafu ya pili, kwenye kioo kimoja, aliwahi kuzungushia galaksi arobaini zilizosongamana: kundi zima la galaksi, ambalo hakuna aliyekuwa amelitaja. Miaka sita baadaye mkubwa mmoja alilitangaza kama lake.

"Barua ile iliomba kundi hilo liandikwe kwa jina langu, ikataja namba ya kioo," alisema. "Walijibu kwamba wataangalia wino wangu zamu ya kioo hicho ikifika."

"Daftari la kituo je, mama?"

"Daftari waliandika wakubwa. Sisi tuliandika kwenye kioo."

Mkamwana akaanza kuomba radhi. Bibi akamkatiza. "Sikukueleza, hukuniuliza. Sote wawili tulijiona tuna adabu."

Walikwenda kwa mkuu wa kituo. Mkuu alisikitika, akasema bila wino hana ushahidi. Lakini siku hiyo hiyo alitoa amri: kila kioo kigeuzwe, alama zake zipigwe picha, ndipo maji yaguse. Rafu nne zilizobaki zikaokoka. Mama mkwe alikuja kila Jumanne kumfundisha mkamwana kutofautisha nyota na galaksi.

Kitabu kilipotoka, galaksi thelathini na moja zilikuwa na jina la bibi. Kundi lile kubwa lilikuwa na jina la mkubwa yule. Mwanawe akasema wachukue kalamu, walisahihishe katika nakala yao.

"Nyumbani humu tunajua," mama alijibu. "Ni nani tunayemwandikia?" Akakifunga kitabu.

Siku hizi mkamwana anawafunza wafanya usafi wapya. Hawaruhusu kushika maji kabla ya kugeuza kioo na kuuliza. Wamembandika jina la utani, Geuza Kwanza. Huitika, lakini hacheki.