Aliyepiga Piano Nyumbani kwa Gault

Jua lilikuwa linazama nyuma ya mapaa ya mtaa wa Brunswick wakati Mervyn Stokoe alipoteremka kwenye tramu, bahasha ya nota za muziki kwapani. Lindsay Gault alikuwa amempigia simu: azilete nyumbani, mlango utakuwa wazi, aingie tu.

Kama kawaida. Gault aliagiza, Mervyn akatembea.

Kwa miaka mingi walifanya pamoja vipindi vya vichekesho vya televisheni, hapo Melbourne. Gault alitunga nyimbo. Mervyn alizipangia ala: tarumbeta iingie wapi, ngoma ipasuke lini mchekeshaji akianguka. Kila Jumamosi jina la Gault lilijaa kioo kizima. La Mervyn lilipita chini, dogo, watu wameshainuka kuchemsha chai. Hata mkewe, Noreen, aliziimba za Gault akiosha vyombo. Hilo ndilo lililomkereketa kuliko yote.

Mlango ulikuwa wazi kweli. Ndani, giza. Harufu ya kafuri... na ya udongo mbichi.

Piano ilikuwa inalia.

Mervyn akasimama. Wimbo ule aliujua. Ulimjia asubuhi ile ile akinyoa ndevu. Hakuwa ameuandika, wala hakuupigia mluzi popote.

Mwanamke aliketi kwenye piano, amempa mgongo, nywele nyeupe zimemwagika hadi kitini. Vidole vyake vilipita juu ya vibonye bila kuvigusa.

"Wewe ndiye mwenye kijicho," alinong'ona bila kugeuka. "Nakusikia tangu mbali."

Mervyn akarudi hatua moja.

"Unavitaka alivyo navyo Lindsay?"

Angeweza kukimbia. Lakini alimkumbuka Noreen, mikono kwenye povu, akiimba.

"Ndiyo," akasema. "Vyote."

Muziki ukakatika.

Kiti kilikuwa kitupu.

Wiki ile Gault akapotewa na muziki. Maneno aliyasikia vizuri, lakini piano kwake ikawa kama mabati yanayoburutwa. Kipindi akapewa Mervyn. Nyimbo zikamjia usingizini, tamu ajabu. Watazamaji wakacheka hadi machozi. Jina lake likajaa kioo. Noreen akaziimba.

Kisha akaanza kuimba nyimbo ambazo Mervyn alikuwa bado hajaziota.

Alipomuuliza amezitoa wapi, Noreen alimshangaa. Si yule mama anayekuja kupiga piano sebuleni? Alidhani Mervyn ndiye aliyemwalika.

Mervyn hakungoja koti. Alimkuta Gault bustanini kwake akipogoa mawaridi, amenenepa, uso umenawiri.

"Alikuuliza?" Gault alisema taratibu.

"Aliniuliza."

"Nawe ukakubali."

Mervyn akaitikia kwa kichwa. Gault akaketi kwenye nyasi, akalia kama mtu aliyetuliwa mzigo. Akamweleza kwamba hata yeye, ujanani, alimwonea mtu wivu. Kwamba marehemu mkewe, Beryl, alianza hivyo hivyo, kwa kuimba, mpaka akabaki hana neno lingine lolote. Yule mwanamke ni nani hasa, hakuwahi kujua.

"Uliniita kwako makusudi," Mervyn akasema.

Gault hakukana. "Nenda nyumbani, Merv. Zungumza na Noreen wakati bado anajibu."

Taa ya jikoni ilikuwa inawaka. Kimya. Mervyn akafika barazani akihema, akamwita mkewe kwa jina.

Sebuleni, penye piano, wakaitika wawili.