Aliyeomba Nguo Malishoni

Jua lilikuwa limeshagusa nyasi nilipotoka kumtafuta mtamba wetu. Alikuwa na tabia ya kutoroka jioni na kwenda kusimama kule malisho yanapokoma na miti ya mpira ya baba mkwe inapoanza. Nilijitupia mtandio mabegani kwa ajili ya mbu, nikachukua kamba, nikaenda.

Nilipoolewa huku Acre, nyumba yetu ilikuwa ndani ya msitu. Jirani humwoni, unamsikia tu akikohoa. Kisha barabara ikaja, na nyuma ya barabara wakaja matajiri wa ng'ombe na moto wao. Sasa nikisimama mlangoni naona mbali mpaka macho yanauma. Nyasi, nguzo za waya, na mti mmoja mmoja uliosahauliwa, mweusi kwa masizi. Msitu uliosalia ni kile kipande cha baba mkwe, mzee Aprígio, alichokigema utomvu wa mpira tangu ujana wake. Mume wangu Valdecir alikuwa akimsihi amwachie tajiri wa ng'ambo ya barabara. Mzee hakugombana naye. Alisema hapana, akaendelea kunywa kahawa yake. Halafu homa ikamlaza, akawa hatoki nje.

Mtamba nilimkuta amesimama, masikio mbele, hatikisiki.

Ndege wote walikuwa kimya. Nikasikia harufu ya moshi wa mpira mbichi, ule moshi mzito wanaokaushia wagema. Kwetu hakuna aliyekausha mpira kwa moshi tangu siku nyingi.

Kisha nikasikia tone.

Tu... tu... tu...

Nyuma ya kisiki alikuwa amechuchumaa mwanamke. Mgongo wake ulinielekea, nywele zimemfunika mabega. Alikuwa uchi kabisa, amejikunja kama mtu aliyefumwa akioga.

"Dada," akanong'ona. "Usisogee. Nitupie nguo."

Miguu yangu ilitaka kukimbia. Lakini ile sauti ilikuwa na haya nyingi kuliko woga wangu. Nikavua mtandio, nikamrushia.

"Zamani nilikuwa na pa kujificha," akasema.

Akanyoosha mkono kuuokota. Ndipo nilipoona. Kutoka kiwikoni hadi begani alikuwa na mikato ya mshazari, mmoja chini ya mwingine, ya zamani, iliyopona vizuri. Lakini shingoni alikuwa na mmoja mpya. Ulizunguka shingo yote. Kilichotoka humo hakikuwa damu. Kilikuwa cheupe, kizito, kikidondoka kwenye majani makavu.

Nilimuuliza ni nani aliyemfanyia hivyo. Akainamisha kichwa.

"Naona aibu kumtaja. Unakula naye." "Na Aprígio usimwambie umeniona hivi."

Sikumbuki nilivyomfunga mtamba. Nakumbuka tu kwamba yeye ndiye aliyenivuta mimi mpaka nyumbani.

Valdecir alikuwa mezani, anakula nyama na unga wa muhogo. Mzee alikuwa amekaa upande wa pili, blanketi mabegani, kikombe mkononi. Mume wangu aliniangalia juu mpaka chini, akauliza mtandio uko wapi. Nikajifanya natafuta sahani.

"Mchunga ng'ombe gani umemwachia?" akasema, huku anatafuna. "Au mwenye ng'ombe mwenyewe?"

Aliyasema hayo mbele ya baba yake. Uso uliniwaka moto. Nilikuwa nimeombwa ninyamaze, na ningenyamaza, lakini sikuwa tayari kulala na jina hilo mbele ya mkwe wangu. Nikaeleza yote, tangu harufu hadi lile tone.

Valdecir alicheka. Akasema jua la huku limeanza kunila ubongo. Mzee hakucheka. Aliweka kikombe chini taratibu.

"Eudócia, mwanangu. Mikato ya mkononi ilishukia upande gani?"

Nikamchorea kwa kidole juu ya meza. Akaitazama ile alama isiyoonekana kwa muda mrefu.

"Huo ni mkono wangu," akasema. "Na wa shingoni?"

"Wa shingoni unazunguka, baba. Ni wa leo."

Valdecir akaacha kutafuna.

Mgema hakati kuzunguka. Hukwangua gome kidogo tu, upande mmoja, na mti humpa utomvu maisha yake yote. Gome likikatwa kuzunguka shina, mti hufa umesimama. Hufa polepole bila kelele, na mti ukifa wenyewe hakuna serikali ya kumuuliza mtu kwa nini.

"Umekata mingapi?" mzee akauliza.

Mume wangu aliangalia sahani yake.

"Yote."

Baadaye aliniambia kwamba aliahidiwa kazi na nyumba ya bati kando ya barabara. Alidhani mzee akipona homa atafikiri ni ugonjwa wa miti. Lakini jioni ile alisukuma tu sahani yake kando. Mzee alichukua tochi, akatoka na blanketi lake. Tukamfuata. Valdecir alikuja nyuma yangu, na nilimsikia akipumua kwa mdomo.

Giza lilikuwa limeingia chini ya miti. Kila mzee alipomulika, tuliona shina lenye mkufu mweupe shingoni. La pili, la tatu, na mengine mpaka mwanga ulipoishia. Utomvu ulikuwa ukidondoka chini bila kopo la kuupokea. Kila upande...

Tu... tu... tu...

Mzee alisimama mbele ya mti mkubwa kuliko yote. Sijawahi kumsikia akiongea kwa sauti laini namna ile, hata na wajukuu.

"Nimekuja na mwanangu," akasema.

Nyuma ya mti ikaja ile sauti, niliyoijua sasa.

"Zima taa, Aprígio. Usinitazame."

Akazima palepale, kama mume anayemsikiliza mke wa siku nyingi. Gizani nikasikia magoti yake yakigusa majani. Alikuwa analia. Alisema alimwahidi kwamba hakuna mtu wa nyumba yake atakayemuumiza. Alisema wagema wengine walikuwa na bunduki na mitumbwi, yeye alikuwa na neno lake tu, na sasa hana hata hilo.

Akainuka kwa kushikilia shina.

"Valdecir," akasema mzee. "Mimi amenikataza. Njoo umtazame wewe."

Mume wangu alitoa kicheko kifupi, kile cha mtu anayetaka wengine wacheke naye. Akapita mbele yangu, akaichukua tochi mkononi mwa baba yake, akazunguka mti, akawasha.

Mimi niliona mgongo wake tu, na mwanga pembeni mwa shina.

Tochi ikaanguka.

Haikuzimika. Ilimulika kutokea chini, na ndipo nilipoona kichwa chake kikishuka. Kilishuka polepole, kama kuna kiganja kinachokikandamiza kisogoni, mpaka kidevu kikagusa kifua.

Kiganja hakikuwapo.

Kichwa chake hakijainuka tena. Hospitalini Rio Branco walisema ni mshipa wa shingo, wakampa ukosi mgumu wa kuvaa. Kila akiuvua, kichwa kinarudi kilipokuwa. Nilimleta mama mmoja anayeombea watu kwa majani na sala. Alimwona akiwa mlangoni tu, akageuka, akaondoka bila kunywa maji.

Miti ilipukutika. Mzee alikaa chini yake kiangazi kile, akirudi kula na kulala tu, wala hakumsemesha mwanawe. Alifariki mwezi Agosti, wakati moshi unapofunika jua mchana. Tulipomlaza jenezani, ndipo Valdecir alipoweza kumtazama baba yake usoni tena. Alimtazama mpaka majirani wakaona haya, wakatoka nje mmoja mmoja.

Kazi aliipata. Anafungua na kufunga lango la ng'ombe pale yalipokuwa mashina. Madereva wasiotujua humsifu kwa unyenyekevu wake.

Nilimuuliza mara moja tu aliona nini. Nilikuwa namwosha shingo.

"Hakunikasirikia," akasema, akiangalia sakafu. "Aliona aibu kwa ajili yangu."

Jioni nikimpelekea chakula namkuta langoni, ng'ombe wamekusanyika wanataka kuingia. Hulifungua, kisha husogea pembeni, anavua kofia, anampisha mtu. Mimi simwoni mtu.

Lakini ng'ombe nao husimama, wakingoja.