Bustani ya Saba

Kila alipotoka shule, Nyoya aliweka mkoba, akabadili sare, akanawa mikono, kisha akaelekea moja kwa moja kwenye chumba cha kazi cha mjomba wake. Nyoya halikuwa jina lake hasa. Nyumbani walimwita hivyo kwa sababu mawazo yake yalipeperuka kirahisi. Ukimtuma chumvi, ungemkuta amesimama mlangoni akitazama vumbi linavyoelea kwenye mwanga, na mchuzi umeshapoa.

Mjomba hakumkemea kwa hilo. Alikuwa fundi wa redio, televisheni na mashine za zamani za gemu, zile kubwa kama kabati, zenye skrini na kijiti cha kuchezea. Alimwekea mpwa wake kiti karibu na kompyuta, na chini yake akaweka kijisanduku, maana miguu ya Nyoya ilikuwa bado haifiki sakafuni.

Wiki ile kulikuwa na mashine ya bibi mmoja wa mtaa wa pili. Zamani bibi huyo na mumewe walikuwa na ukumbi wa michezo, na gemu lenyewe alilitunga mumewe. Hakuacha nakala popote, naye alikwishafariki. Gemu zima lilibaki ndani ya chipu moja nyeusi, yenye miguu mingi kama jongoo na kidirisha cha kioo mgongoni.

"Chipu za namna hii husahau," mjomba alieleza. "Miaka ikipita, yaliyoandikwa ndani yake hufifia. Kwa hiyo tunayanakili kwenye kompyuta, tunaifuta chipu kwa taa maalumu kupitia kidirisha hiki, halafu tunayaandika upya."

"Na nakala ikiwa mbovu?"

"Tukishafuta, basi tena, gemu limepotea. Ndiyo maana lazima tuicheze nakala mpaka mwisho kwanza. Kazi hiyo nakupa wewe. Una macho ya kuona vitu vidogo."

Kompyuta ilikuwa na programu ya kuigiza mashine za zamani. Ukiifungua, ilijifanya lile kabati kubwa, na picha na sauti zake zote. Humo Nyoya alikuwa kimulimuli. Alipita katika bustani tisa za usiku akiokota vitone vya mwanga. Maua ya zambarau yalifunguka taratibu kila alipoyagusa, na muziki ulidondoka kama mvua ya mwisho mwisho juu ya bati. Alisahau kiti, akasahau chumba, akasahau hata kama ana mikono.

Lakini bustani ya saba ilikuwa na upepo. Alipoingia tu, ulimsomba kabla hajaona ua hata moja, na mchezo ukaisha. Alijaribu alasiri baada ya alasiri, ikawa ni yale yale.

"Haya, rubani wa vimulimuli," kaka yake alimtania wakati wa chakula, "umefika wapi?"

"Niache."

"Mjomba, kazi hiyo mpe yule mtoto wa jirani anayetambaa. Atamaliza kabla hajaota meno."

Wote walicheka. Mama naye alicheka, ingawa alimwongezea Nyoya mboga kwenye sahani.

Kesho yake mjomba alipomuuliza, Nyoya alijibu akiwa ametazama kidirisha cha chipu. "Nimefika mwisho. Kila kitu ni kizuri."

"Ahsante sana, mwanangu," mjomba alisema, akamshika bega. "Basi bibi akija tunafuta."

Bibi alikuja na mfuko wa machungwa. Nyoya alimwamkia, "Shikamoo, bibi," naye akaitikia, "Marahaba, mjukuu wangu." Akaketi, akaanza kumenya chungwa, akiondoa nyuzi nyeupe moja moja kwa ajili ya mtoto. Mjomba aliiweka chipu kwenye kisanduku cha taa na kufunga mfuniko.

"Kwa hiyo wewe umeziona zote tisa," bibi alisema. "Mimi sikuwahi kupita ya tano. Mume wangu alinicheka mpaka machozi. Hebu nisimulie, ya mwisho ikoje?"

Nyoya alifungua kinywa. Kichwa chake kilijaa bustani siku zote, kutunga moja zaidi kusingemshinda. Lakini bibi alikuwa ameacha kumenya ili asikie vizuri, na kidole cha mjomba kilikuwa juu ya swichi.

"Mjomba, ngoja," alisema. "Usiwashe. Sijafika mwisho. Hata ya saba sijaiona."

Mjomba aliondoa kidole. Alivuta kiti, akaketi karibu naye. "Mbona hukuniambia umekwama?"

"Nilidhani utasema sifai."

"Upepo ule ungenisomba hata mimi. Tazama hapa." Akamwonyesha jinsi programu ile inavyoweza kupunguza mwendo wa gemu, na kuhifadhi mahali ulipofika ili uanzie hapo hapo. "Kwenye mashindano huo ni udanganyifu. Kwenye kazi ya kukagua ni chombo tu, kama bisibisi."

Walipunguza mwendo. Upepo wa bustani ya saba ukawa mpole kama pumzi ya mtu aliyelala. Kimulimuli alifika katikati, mara maua yakavunjika kuwa vipande vya mraba, sauti ikakwaruza, picha ikaganda.

Nakala ilikuwa mbovu.

Mjomba aliitoa chipu, akaikagua kwa kioo cha kukuzia. Mguu mmoja ulikuwa na kutu, ndiyo maana haikusomeka vizuri. Aliusugua polepole kwa brashi laini, akanakili upya. Safari hii bustani ya saba ilichanua yote, na ya nane, mpaka wakaingia ya tisa. Humo hamkuwa na upepo wala adui. Ilikuwa bustani pana, na vitone vya mwanga vikipanda juu bila haraka.

"Mume wangu aliniambia huko hakuna wa kukukimbiza," bibi alisema taratibu. "Sikumsadiki."

Nyoya alisubiri kukaripiwa.

"Nimeudhika, sikufichi," mjomba alisema. "Lakini sikia. Ukifanya kazi na wenzako, hakuna anayekutaka uweze kila kitu. Tunachotaka ni useme kweli umefika wapi, ili tujue pa kuanzia. Ukiniambia umekwama, nitakuja nikae nawe. Ukiniambia umemaliza, nitakuamini na kwenda zangu. Haya, sauti za bustani ya pili ulizisikiliza zote?"

Nyoya alifikiri. "Hapana, mjomba. Hapo nilikuwa naota."

"Vizuri. Basi tuanzie hapo."

Bibi aliwagawia machungwa. Wakasikiliza bustani zote, moja baada ya nyingine, ndipo mjomba akairudisha chipu kisandukuni na kuwasha taa.