Jicho la Maimai

Kila asubuhi, kabla ukungu haujapanda kutoka kwenye majaruba ya mpunga, Tan Suyun alikuwa ameshamnawisha mdogo wake uso, amemfunga nywele mafungu mawili na kumvisha viatu. Bibi yao alikuwa jikoni akikaanga mayai kwa pilipili, akikohoa kwa moshi na kuwahimiza.

"Haya, haya! Mwalimu hatawangoja nyinyi."

Suyun alikuwa na miaka kumi na mmoja, Maimai minne. Baba na mama yao walikuwa mji wa Dongguan, mwendo wa usiku mzima kwa treni, wakishona viatu kiwandani. Walirudi mara moja tu kwa mwaka, kwenye sikukuu ya mwaka mpya. Koti la mama la baridi lilining'inia nyuma ya mlango. Siku nyingine Suyun alizamisha uso ndani yake akavuta pumzi, lakini harufu ya mama ilikuwa imeshaondoka. Ilibaki ya moshi wa jikoni.

Maimai alikuwa na makengeza. Jicho lake la kulia lilitazama mbele, la kushoto likakimbilia puani. Watoto wenzake shuleni walimwita Jogoo, kwa sababu jogoo wawili wakitaka kupigana hukodoleana macho hivyo hivyo.

"We Jogoo, unaniangalia mimi au unaangalia ukuta?"

Suyun aliwafukuza, kandambili mkononi. Bibi hakuona la kuhangaikia. "Litanyooka lenyewe akikua," alisema. "Hata mjomba wenu alizaliwa hivyo."

"Na mpaka leo anamimina chai nje ya kikombe, Bibi."

"Ona mdomo wake!" Bibi alisema, ila alicheka.

Mwezi wa tatu, muuguzi alikuja kuwapima watoto wa shule ya awali. Alipommulika Maimai kwa tochi, alikunja uso akaandika barua. Siku tatu baadaye Bibi na wajukuu wake wawili walipanda basi kwenda hospitali ya wilaya, kwa daktari wa macho, mama mmoja mfupi aliyeitwa Daktari Pei.

Daktari alimtia Maimai matone machoni, akampima kwa vioo vya kila namna, kisha akamgeukia Bibi.

"Bibi, hili haliondoki lenyewe. Mtoto huyu haoni vizuri vitu vya karibu. Akijikaza kuona, jicho linavutwa ndani. Na kwa kuwa macho yanatazama pande mbili, ubongo unaletewa picha mbili. Unafanya nini? Unachukua ya jicho zima na kuitupa ile nyingine. Jicho likitupwa miaka mingi, linasahau kazi yake."

"Linakuwa kipofu?" Suyun aliuliza.

"Linakuwa vivu, na uvivu huo ukikomaa, hata miwani haiutoi. Ndiyo maana tunatibu mtoto akiwa mdogo."

Aliandika miwani, kisha akatoa boksi la plasta laini za kubandika juu ya jicho.

"Hii inafunika jicho zima, ili lile vivu lilazimike kufanya kazi. Kila siku, toka dada mtu anaporudi shule mpaka chakula cha jioni. Atalia, lakini msimwonee huruma. Mrudi mwezi wa saba. Tukiona bado linavutwa hata akiwa na miwani, tutafikiria upasuaji mdogo wa misuli ya jicho."

Macho ya Bibi yalikuwa yamechoka, kwa hiyo kazi ya plasta ilimwangukia Suyun. Wiki ya kwanza aliifanya kwa bidii. Maimai alipiga kelele, alijikwaa, alibandua plasta, Suyun akaibandika tena.

Jumapili mama alipiga simu. Suyun alikuwa uani akianika nguo, na Bibi, kwa sababu ya masikio yake, alikuwa ameifungulia simu sauti yote.

"Mama," sauti ya mama ilimwambia Bibi, "mwezi wa saba tutaona. Kama jicho halijapata nafuu, mimi naacha kazi. Narudi kumwangalia mwenyewe. Baba yao atabaki huku."

Suyun alisimama na shati lililolowa mikononi, maji yakimchuruzika miguuni. Mama arudi. Mama awe jikoni asubuhi, aje kwenye kikao cha wazazi na kukaa kwenye dawati lake, badala ya Bibi anayesinzia.

Kesho yake Maimai alipoanza kulia, Suyun hakubishana naye. Alibandua plasta, akaikunjakunja, akaitupa kwenye moto wa jiko. Ikawa hivyo kila siku, Bibi akiwa shambani mpaka jioni. Boksi lilipungua kama inavyotakiwa, na kila Jumapili mama aliuliza, "Mdogo wako anavaa plasta?"

"Anavaa, Mama. Kila siku."

"Mwanangu mkubwa. Bila wewe ningefanyaje?"

Maneno hayo yalimchoma, lakini alihesabu kwa vidole miezi iliyobaki mpaka wa saba.

Mwishoni mwa mwezi wa sita, walipokuwa wakichuma maharage, nyigu alimuuma Maimai kwenye kope la jicho la kulia. Mpaka jioni jicho lilikuwa limevimba na kufumba kabisa. Maimai akatembea ukumbini mikono mbele, akagonga kiti, akagonga mlango. Suyun alidhani ni deko.

Simu ikalia. Suyun alimpakata mdogo wake, akamvisha miwani, wakaangalia kioo cha simu. Mama alikuwa pale, nywele ndani ya kofia ya kiwandani, akitabasamu.

"Maimai! Maskini mwanangu, jicho limefanya nini?"

Maimai alisogeza uso mpaka pua ikagusa kioo. Jicho lake la kushoto lilitangatanga.

"Dada, mama yuko wapi? Mimi naona weupe tu."

"Si huyo hapo!"

"Hayupo," Maimai alisema, akaanza kulia. "Namsikia, lakini hayupo."

 Suyun alimkosa mama kwa sababu ya umbali, na sasa mdogo wake anamkosa akiwa mbele ya pua yake. Alimkabidhi Bibi mtoto, akatoka na simu uani.

"Mama, nimekudanganya. Plasta nilikuwa nazichoma."

Mama alivua kofia. Nyuma yake mashine zilinguruma.

"Kwa nini, Suyun?"

"Ulisema jicho lisipopona utarudi."

Simu ikageuka. Suyun aliona dari na taa tu, akamsikia mama akipenga kamasi.

"Mpelekeni kwa daktari kesho," alisema hatimaye. "Na haya uliyoniambia mimi, umwambie na yeye. Mwenyewe."

Alimwambia. Daktari Pei alimsikiliza mpaka mwisho bila kumkaripia. "Tumepoteza miezi mitatu," alisema, "lakini mtoto ana miaka minne. Bado muda upo. Uvimbe ukiisha, anza tena, na safari hii usifanye mchezo."

Hakufanya. Alimtafutia Maimai kazi za jicho vivu: kuchambua mawe kwenye soya, kutunga mbegu za maboga kwenye uzi, kupaka rangi samaki wa kuchora. Siku nyingine Maimai alimng'ata. Siku nyingine walilia wote wawili. Siku moja Bibi aliwakuta wamembandika plasta hata paka, akakaa chini kwa kicheko.

Mwezi wa kumi Maimai alisoma mistari mitatu kwenye ubao wa hospitali kwa jicho la kushoto. Mwezi wa kumi na mbili alisoma sita. Akiwa na miwani, macho yake yalitazama mbele yote mawili, na daktari akasema upasuaji hauhitajiki. Miwani tu isivuliwe.

Sikukuu ilipofika, wazazi walirudi kwa siku kumi na tano. Siku ya mwisho mama na Suyun walikaa kizingitini wakimenya vitunguu saumu.

"Mama, usiende," Suyun alisema ghafla.

Mama aliweka kisu chini, akamvuta karibu.

"Lazima niende. Lakini likizo ya kiangazi mtakuja nyote Dongguan, mimi na baba yenu tumeshakubaliana. Sasa nisikilize. Kuwa na hamu nami si kosa, hata mimi nina hamu nanyi mpaka chakula hakipiti. Kosa ni kuficha hamu yako, ukaacha jicho la mdogo wako ndilo lilipie. Ukinitaka, nipigie useme hivi ulivyosema leo. Huenda nisiweze kuja, lakini ukweli nitaujua, na nikiujua tutatafuta njia pamoja."

"Hata ukiwa kazini?"

"Hata nikiwa kazini. Msimamizi atanigombeza. Mwache agombe."