Paka Kanyweshwa Maziwa

Kliniki ya mifugo ilifurika asubuhi hiyo, mbwa wanabwekeana, kuku mmoja anapiga kelele utadhani ndiye mwenye nyumba. Ghafla paka wa dada mmoja mshonaji wa nguo akachomoka kapuni. Aliyemdaka ni fundi friji, kijana mwenye ovaroli la buluu, aliyeitwa kutengeneza friji ya chanjo.

"Dada, huyu mgonjwa wako mbona ana mbio kunishinda?"

"Si mgonjwa. Nimekuja kumwekea siku ya kufungwa kizazi."

"Masikini! Kwa kosa gani?"

Mshonaji akacheka, na kucheka huko ndiko kulikomponza. Simu zikaanza: asubuhi "umeamkaje, mpenzi," usiku "bado unashona tu, laazizi?" Mapenzi yakakolea, we acha tu. Siku ya paka ilipofika, fundi alikuwa ameshapewa ufunguo wa chumba cha mshonaji.

Daktari alikuwa ameonya paka asile chochote tangu usiku, maana dawa ya usingizi haitaki tumbo lililoshiba. Mshonaji alitoka kidogo kupeleka sare za shule kwa mteja. Kurudi, anamkuta paka anajilamba masharubu.

"Umempa maziwa?"

"Amelia weee, mpaka roho ikaniuma. Halafu mpenzi, si umwache azae hata mara moja? Jike asiyezaa ana raha gani duniani?"

"Hebu rudia."

"Jamani, natania tu!"

"Mimi sina kizazi. Walikitoa nikiwa msichana, uvimbe ulikuwa umekiharibu chote. Nilikuwa natafuta siku ya kukwambia."

Fundi akakaa ukingoni mwa kitanda. Mshonaji alisubiri aambiwe neno, hata la uongo.

"Pole," akasema fundi, kama anavyomwambia mteja ambaye friji yake haitengenezeki tena.

Jioni fundi akapiga simu, analia.

"Nakupenda, haki ya Mungu. Lakini mama hana mtoto mwingine ila mimi, na mjukuu ndio wimbo wake. Na mimi... mimi pia nataka mtoto. Nisikudanganye."

"Hujanidanganya. Ufunguo uuache kwa jirani."

Kwa ajili ya yale maziwa, siku ya paka ilisogezwa mbele; ilipofika, mshonaji alimpeleka peke yake. Alipokabidhiwa, paka alikuwa analewalewa, tumbo limenyolewa, kidonda kimeshonwa vizuri. Daktari akamtoa wasiwasi: "Usijali, mama. Kesho kutwa atakuwa ameshasahau yote."

"Heri yake," mshonaji akajibu, akaangua kilio palepale mbele za watu.